Saa Aliyonyimwa Mama: Historia ya Marehemu Jedidah Kemunto Ombati, 1938–1998

Wachungaji, wazee wetu, majirani na nyote mliofika hapa Minneapolis kutoka karibu na mbali, familia imenipa mimi, Jotham Momanyi, mdogo wake marehemu, kazi ya kuwasomea maisha yake, na nawaomba mnivumilie, kwa kuwa sehemu kubwa ya karatasi hii aliiandika mwenyewe, na aliniapisha nisipunguze neno.

Marehemu dada Jedidah alizaliwa tarehe 12 Aprili 1938 huko Nyaribari, wilayani Kisii, mtoto wa pili wa Mzee Cyrus Momanyi na Mama Kerubo, akaanza shule ya misheni Januari 1946, akasomea uuguzi mjini Kisumu kuanzia 1957 hadi 1960, na tarehe 17 Agosti 1963 akafunga ndoa na Francis Ombati, aliyeketi hapa mbele yenu, wakajaliwa watoto wawili, Serah mwaka 1966, na Duncan tarehe 2 Juni 1969.

Tarehe 3 Septemba 1972 alimfuata mumewe, aliyekuwa akisoma chuo kikuu hapa Marekani, na kuanzia 1975 hadi alipostaafu 1997 aliuguza wagonjwa katika hospitali moja ya Coon Rapids, akiendesha gari kutoka Inver Grove Heights hata theluji ikifika magotini, wala hakulalamika, isipokuwa juu ya wauguzi wanaojaza daftari la zamu kivivu.

Ila wengi wenu mlimjua kwa kazi nyingine. Kwa miaka kumi na mitano, kila Mkenya wetu aliyefariki katika miji hii miwili, Minneapolis na Saint Paul, historia yake iliandikwa kwenye meza ya jikoni ya dada, naye hakukubali kabisa yale maneno ya kufunika funika, kwamba fulani aliugua kwa muda mfupi, bali alipiga simu wodini mpaka apewe saa, dakika, na jina la aliyekuwa karibu, kwa sababu, alisema, mtu asizikwe na pengo.

Pengo likaja kwake. Duncan, aliyekuwa na kifafa tangu utotoni, alifariki tarehe 9 Novemba 1995 katika nyumba ya matunzo inayomilikiwa na kaunti, alikutwa kitandani saa moja na nusu asubuhi, na cheti kikataja saa hiyo ya kukutwa tu, huku daftari la zamu, linaloonyesha nani alimwangalia mara ya mwisho na saa ngapi, likifungiwa kabatini. Dada aliandika historia ya mwanawe kwa mkono wake, na mahali pa saa akachora mstari.

Aliliomba lile daftari mara nne, na kaunti ikamjibu kwamba inalinda faragha ya marehemu, yaani wanamficha mama siri za mtoto aliyemzaa, jambo ambalo hata leo nikilisoma natamani kutema mate, na kama si heshima ya jeneza hili ningetema.

Ndipo akaandikia ile ofisi ya jimbo, kule Saint Paul, inayosimamia haki ya wananchi kuona kumbukumbu za serikali, na tarehe 11 Aprili 1996 wakamjibu kurasa tatu zenye muhuri, wakisema wazi kwamba mama ana haki na kaunti imekosea. Sisi tuliokulia kule nyumbani, barua ya serikali yenye muhuri ni amri, hakuna anayeuliza mara mbili, basi dada akaiweka kwenye fremu, na Jumapili ya tarehe 21 tukafanya ibada ya shukrani, tukala, tukaimba, mchungaji akaisoma barua madhabahuni, na Serah akatuambia, "Sasa lazima wata-comply, Mum amewin."

Kesho yake dada alivaa nguo za kanisani, akaibeba barua na fremu yake hadi kaunti, na karani akaisoma kwa adabu, akairudisha juu ya kaunta, akaeleza kwamba hayo ni maoni tu. Dada akapiga simu Saint Paul, na binti aliyepokea akakiri kwamba ni kweli, sheria inawaruhusu kusema nani ana haki, haiwaruhusu kumlazimisha yeyote, asiyeridhika aende mahakamani. Aliniambia hakuwa na hasira tena, alikuwa na kinyaa, kama aliyekuta nywele kwenye uji akiwa ameshameza nusu bakuli, na kilichomchefua zaidi ya kabati la kaunti ni kwamba aliwaita watu wamshukuru Mungu kwa mbwa asiye na meno.

Alifungua kesi Februari 1997, ikaahirishwa mara tano. Machi 1998 madaktari walimkuta na saratani ya kongosho, na akiwa kitandani aliandika historia hii, akaacha nafasi moja tujaze sisi, nasi tumeijaza: marehemu alifariki Jumatano, tarehe 21 Oktoba 1998, saa nne na dakika kumi na saba asubuhi, Serah akiwa amemshika mkono wa kulia na mumewe wa kushoto.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi walioandika dakika hiyo bila kuombwa, majirani wa Inver Grove Heights waliomwondolea theluji mlangoni miaka yote, wafanyakazi wenzake wa Coon Rapids, na yule binti wa ofisi ya Saint Paul aliyepokea simu zake zote na kulia naye. Kaunti imeleta shada la maua, limefika siku moja tu baada ya msiba, anwani sahihi, jina sahihi, na Serah ameliacha nje mlangoni.

Mstari wa mwisho ni wa dada mwenyewe, nausoma ulivyo: Duncan Ombati, mwanangu, alifariki tarehe 9 Novemba 1995, saa, halafu kuna mstari mtupu.

Jana Serah alitia sahihi kuendelea na kesi. Pumzika kwa amani, dada, hiyo saa tutaitafuta sisi.