Digrii Iliyozidi

Siku hiyo benchi la Kiraka lilijaa mapema. Kiraka ni fundi viatu, na benchi kaliweka kwa ajili ya wateja, ila wateja wenyewe hawalipati. Wamelikalia Wakili, ambaye maishani kaingia mahakamani mara moja tu, shahidi wa kesi ya kuku, na Takwimu, mstaafu asiyesema neno bila asilimia. Pembeni Mama Birika anauza kahawa na kutoa hukumu bure. Ila hukumu yenyewe ilikuwa isomwe saa nne mahakamani, mtaa wa pili tu, na ilimhusu binti yake Kiraka. Binti ana digrii ya maabara. Idara ya maji ilitangaza kazi ya wenye diploma, ikamkataa kwa kuwa diploma hana. Mtoto hakukubali yaishe, akaenda kushtaki. Kiraka alikuwa akishona kiatu cha mgeni, mwanamama wa suti aliyeketi ukingoni mwa benchi, mguu mmoja peku juu ya gazeti. Mikono ilishona, moyo haukuwepo.

— Anashinda, alisema Wakili. Wahenga walishasema, maji ukiyavulia nguo, yaoge.

— Hiyo inaingiaje hapa? aliuliza Mama Birika.

— Kwani si idara ya maji?

— Asilimia sabini anashindwa, alisema Takwimu. Mpanda ngazi hushuka. Hakimu atamwambia ashuke akachukue diploma aliyoiruka.

— Arudi tena shule? alisema Mama Birika. Mtoto wa watu huyo, jamani.

— Basi waikate hiyo digrii. Wakili alipiga funda. Unatoa mwaka wa mwisho, inabaki diploma safi.

— Inakatiwa wapi?

— Kuna ofisi.

— Na kipande kinachobaki?

— Anapewa mdogo wake, aanzie hapo.

Hapo hata Kiraka alicheka.

— Nyie hamjui kitu, alisema Takwimu. Mwenye digrii akipima maji anaona kila kilichomo. Idara inataka mtu wa kuona nusu. Asilimia arobaini na tisa, asizidi.

— Akizidi?

— Atafika mpaka kwenye kahawa.

— Birika langu liacheni, alisema Mama Birika.

Yule mwanamama wa suti aliinua uso.

— Samahani, wazee wangu. Huko mahakamani, binti yuko na nani?

Sindano ya Kiraka ikaganda kwenye ngozi. Asubuhi binti alimuuliza, "Utakuja, baba?" naye akajibu ana viatu vingi. Vilikuwa jozi mbili.

— Yuko peke yake, alisema mwisho. Niliona haya. Mimi niliishia darasa la tatu, na kule wanapima shule za watu.

— Sasa haya ya nini, baba wewe? alisema Mama Birika. Digrii hiyo imeshonwa hapahapa, sote tukiona. Nani hapa hajui?

Hakuna aliyebisha, na kwenye benchi lile hilo halijawahi kutokea.

— Kisigino chako bado, Kiraka alimwambia mgeni.

— Nipe ndara zozote. Kiatu kitangoja.

Kiraka akavua aproni. Mama Birika akammiminia maji ya moto, naye akasugua vidole vyake. Gundi ikatoka kidogo, nyingine ikakataa, akaiacha. Wakili na Takwimu walishasimama, wanabishana njia ipi ya mkato. Kiraka akampigia simu binti yake huku anatembea.

— Mama, usiingie kwanza. Nakuja.

— Najua, baba. Kiti chako hapa mlangoni nimekiwekea mkoba tangu asubuhi. Kila anayetaka kukaa, namwambia kina mwenyewe.