Eligio Féliz, Mdakaji, na Ishara ya Tatu

Marehemu Eligio Féliz Urbáez, ambaye nyote mlimwita Yiyo, alizaliwa hapa Cabral siku ya Jumatatu, tarehe 12 Mei 1941. Alikuwa mtoto wa pili wa marehemu Mzee Tulio Féliz, mkata miwa, na marehemu Bi. Ercilia Urbáez. Mimi ninayesoma ni Nidia, dada yake anayemfuata. Alizaliwa akitanguliza miguu, na mkunga akasema mtoto huyu amekuja kumpiga mtu teke. Mama alilisimulia hilo kwa fahari mpaka Yiyo alipofika miaka kumi, kisha akaacha kulisimulia.

Marehemu alisoma katika shule ya hapa hapa Cabral hadi darasa la nne. Aliondolewa mwaka 1952 kwa kumvunja mwenzake meno mawili, kwa sababu mwenzake huyo alimcheka kuja shule peku. Elimu iliyomkaa aliipata kwenye juma la Pasaka. Alipofika miaka kumi na sita alivaa kinyago na mabawa, akashika mjeledi, na siku ya Jumatatu ya Pasaka akaja kupigana humu humu makaburini, kama ilivyo desturi ya wanaume wote wa Cabral. Alirudi nyumbani shati limekuwa matambara na shingo imechanika. Mama alimwosha kwa maji ya chumvi, naye anacheka. Nayasema haya mapema ili mwelewe niliyelelewa naye alikuwa mtu gani. Maumivu yake hayakumtisha, kwa hiyo hakuona kwa nini ya wengine yamtishe.

Alianza kazi katika mashamba ya miwa akiwa na miaka kumi na moja. Besiboli aliijulia huko huko, kwa glavu iliyoshonwa kwa gunia, na kwa kuwa hakuna aliyetaka kukaa nyuma ya gongo, nafasi hiyo ikawa yake. Mwaka 1963 alisajiliwa na timu ya Kaa wa Barahona, akawa mdakaji wao kwa misimu kumi na mitano. Vidole vya mkono wake wa kulia vilivunjika mara tisa, vikaelekea kila upande, na bado ndivyo alivyosukia nywele za binti yake Yocasta kila asubuhi ya shule. Mistari ilitoka mbovu, lakini Yocasta hakutaka mtu mwingine amguse. Na tangu avae jezi ile hakuonja tena nyama ya kaa. Ukimwekea mezani alikuwa anasimama na kuondoka, mtu mzima na akili zake.

Tarehe 16 Julai 1966 alifunga ndoa na Bi. Bienvenida Medrano, aliyekuwa muuguzi mjini Barahona. Walikutana Yiyo alipoletwa nyusi imepasuka. Bienvenida alimshona nyuzi saba, akamwambia, “Ukinirudia tena na damu, nitakushona na mdomo.” Siku ya tatu alirudi bila jeraha jipya, mkungu wa ndizi begani, akakaa kwenye foleni ya wagonjwa hadi ikafika zamu yake. Mungu aliwajalia watoto watatu, Fausto, Yocasta na Rubén.

Sasa nifike kwenye msimu ambao wengi wenu mmekuja leo mmeuvalia jezi.

Mwaka 1973 Kaa walishinda mechi kumi na nne kati ya sitini. Walikuwa wa mwisho, na walizoea. Mwenye timu, marehemu Don Amable Peña, alikuwa anatafuta mtu wa kumuuzia na hakumpata, basi mwezi wa kumi mwaka 1974 akampa Yiyo ukocha huku akiendelea kudaka. Siku ya kwanza Yiyo alifunga mlango wa chumba cha kubadilishia nguo, akauliza ni nani aliyecheka ndani ya basi baada ya kufungwa.

Danilo Matos, mchezaji wa besi ya kwanza, akajibu, “Mimi, kaka. Kwani tungelia basi lingefika mapema?”

Yiyo alimpiga ngumi moja, pua ikalala upande. Kisha akampa taulo lake mwenyewe, akamwambia akae, mazoezi yanaanza. Msimu ule Danilo alipiga mpira kuliko alivyowahi kupiga maishani. Yupo pale, kiti cha mbele, na jana aliniambia ile ngumi ilimfaa. Mimi naona pua ndiyo iliyokuwa inamfaa zaidi.

Baada ya hapo ilikuja ile kanuni mnayoijua. Akiguswa na mpira mmoja wetu, mmoja wao ataguswa kabla mechi haijaisha. Kila timu ilikuwa nayo, lakini Yiyo hakuruka hata siku moja. Mwezi wa kumi na moja tulishinda mechi kumi na mbili, na katika nne kati ya hizo watu walipigana kwa magongo. Siku moja Bienvenida alishona wachezaji watano, watatu wetu na wawili wao, kwenye benchi moja, nao wanaendelea kutukanana juu ya kichwa chake. Wapigaji wa timu nyingine walianza kusimama mbali na besi, na mtu anayesimama mbali hawezi kuufikia mpira unaopita upande wa nje. Kaa wakapanda kutoka nafasi ya sita hadi ya tatu. Mji mzima ulikuwa na furaha ambayo sijaiona tena. Tusisingiziane, sote tulipenda. Mimi mwenyewe nilikuwa nasimama juu ya kiti napiga sufuria, na damu ikitoka napiga kwa nguvu zaidi.

Tarehe 12 Januari 1975, siku ya Jumapili, tulicheza nyumbani na Fahali wa Azua. Wao walikuwa wa pili na sisi wa tatu, na mshindi ndiye angeingia raundi ya mwisho. Kipindi cha tatu, mrushaji wao alimpiga Danilo mbavuni, mbavu mbili zikavunjika. Kila mtu uwanjani alijua kitakachofuata. Hatukujua tu atakuwa nani.

Mrushaji wetu alikuwa Wilfrido Cuevas wa Enriquillo, miaka ishirini, na hapakuwa na mkono kama ule upande wote huu wa kusini. Kipindi cha sita aliingia Marcial Tejeda, mpigaji wao bora, kijana mwenye adabu ambaye kila alipokuja kupiga alimwamkia mdakaji kwanza. Yiyo alichuchumaa. Ishara ya mdakaji, ya mpira gani urushwe, kama mjuavyo, hutolewa katikati ya mapaja, na anayeiona ni mrushaji peke yake. Tulichokiona sisi ni Wilfrido akitikisa kichwa kukataa. Tukamwona anakataa tena. Halafu akarusha.

Mpira ulimpata Marcial chini ya jicho la kushoto. Mfupa ulibonyea ndani. Alianguka juu ya magoti ya Yiyo, na miguu yake ikawa inachimba udongo kama mtu anayetafuta besi aikimbilie. Yiyo alimshika kichwa kwa mikono miwili, na damu ikajaa glavu. Kisha watu wa Azua wakaruka uzio na chupa na magongo, wetu wakawapokea, na polisi wakapiga risasi hewani mpaka zikawaishia. Walioumia walikuwa kumi na mmoja. Mwanamume mmoja wa Azua alikatwa sikio, na hadi leo Barahona wapo wanaojisifu kwamba ni wao. Mechi ilipoendelea siku ya pili bila Marcial, tulishinda. Msimu tukaumaliza na ushindi thelathini na saba, nafasi ya pili, na jina la Yiyo likaandikwa ukutani kila mtaa.

Marcial alipoteza jicho na hakushika gongo tena. Redio ilisema mrushaji alimkatalia mdakaji mara mbili, na magazeti yakaandika hivyo hivyo. Sisi tuliokuwepo tulikuwa mashahidi. Tulisema mdakaji aliomba mpira wa salama, kijana akakataa, akaomba tena, kijana akakataa, kwa kuwa alikuwa na roho mbaya. Nani asingesema hivyo? Kichwa tulikiona kikitikisika. Wilfrido hakujibu neno, kwa sababu yanayopita kati ya mrushaji na mdakaji wake hayasemwi nje, na yeye alilelewa vizuri. Ligi ilimfungia maisha. Mwezi wa tatu wanaume watatu wakatoka Azua, wakamkuta amelala nyumbani kwa mama yake, wakamkata panga begani, bega lile lile la kurushia. Tangu hapo ni fundi wa pancha kando ya barabara ya Enriquillo. Mke wake, Bi. Zunilda, aliwahi kuniambia kwamba kitandani halali. Analala kwenye kiti, uso kwenye mlango, rungu mapajani. Ni miaka thelathini na tisa sasa.

Mwaka 1981 Yiyo alikwenda Azua kumwona Marcial. Mimi nilifuatana naye. Marcial alitupokea vizuri, akatutengenezea kahawa mwenyewe huku akipapasa meza kutafuta sukari, maana jicho lililobaki nalo lilikuwa limeanza kufifia. Akamshika Yiyo mkono.

“Kaka,” alisema, “nilitaka siku zote nikushukuru. Ulijaribu kumzuia yule kijana.”

Yiyo alikunywa kahawa ile mpaka ikaisha. Njiani kurudi alisimamisha gari akatapika, na mimi nikadhani ni joto. Marcial alifariki mwaka 1996 akiwa na shukrani hiyo moyoni.

Kisukari cha marehemu kiligunduliwa mwaka 2004. Mguu wa kushoto ulikatwa mwaka 2011, na figo zilichoka mwaka jana. Mwezi uliopita Wilfrido alikuja kumwona hospitalini akiwa na mafuta ya gari mikononi, wakazungumza nusu saa juu ya mvua na bei ya matairi. Alipotoka, Yiyo aligeukia ukuta. Kesho yake aliniambia nifunge mlango.

“Nidia, ile ishara ilikuwa yangu.”

Nilimuuliza ishara gani, ingawa nadhani nilikwisha jua.

“Nilimwambia ampige. Kichwani. Akakataa. Nikamwambia tena, akakataa tena. Mara ya tatu nikapiga paja kwa ngumi, yaani ni amri. Dogo alikuwa analia, Nidia. Mimi nilikuwa namwona, ninyi mlikuwa mbali.”

“Jana alikuwa hapa hapa. Kwa nini hukumwambia?”

“Kwani yeye hajui? Ni ninyi ndio hamjui.” Halafu akasema, “Nimejaribu miaka yote. Nikisimama mbele za watu, wananipigia makofi kabla sijafungua mdomo. Siku ya kunizika hawatapiga makofi. Wasomee.”

Nilimkasirikia. Bado nimekasirika naye, amelala hapo na suti yake ya kijivu. Mtu aliyevunja pua za wanaume hakuweza kusema maneno manne, akaniachia mimi niyaseme kwa niaba yake. Nilimpenda kuliko mtu yeyote baada ya watoto wangu, na nilipotoka chumbani mle nilitaka kumzaba kibao.

Fausto, mwanawe, ameniomba aya hizi zisichapwe. Baraza la mji linakutana mwezi ujao kuupa uwanja jina la baba yake, na ana haki ya kulitaka hilo. Nilikwenda kwa Bienvenida nikamwachia yeye aamue. Alisoma yote, akavua miwani.

“Chapisha,” alisema. “Nimelala kitanda kimoja na jambo hilo. Mlidhani alikuwa anapiga kelele usingizini kwa sababu ya magoti?”

Kwa hiyo zimechapwa, na sasa zimesomwa. Kule kutikisa kichwa tulikokuona, ndugu zangu, kulikuwa kukataa kumpiga Marcial Tejeda. Uwanja mzima ulikuwa na watu elfu nne wanaotaka damu, nami na sufuria yangu nimo, na alikuwepo mmoja aliyesema hapana, akaisema mara mbili mbele ya macho yetu. Huyo ndiye tuliyemfungia, tukamtukana mkewe sokoni, tukamwachia watu wa mapanga. Uwanja upeni jina mnalolitaka. Mimi nimemaliza nililotumwa.

Marehemu alifariki Jumanne, tarehe 4 Februari 2014, saa nne asubuhi, akiwa na umri wa miaka sabini na miwili. Mkono wake ulikuwa kwenye mkono wa Yocasta. Kabla ya hapo aliomba achanwe nywele, akalalamika kwamba mistari imetoka mbovu.

Ameacha mjane, Bi. Bienvenida; watoto watatu, Fausto, Yocasta na Rubén; wajukuu wanane na kitukuu mmoja; dada yake Nidia; wachezaji sita walio hai wa msimu ule; na Wilfrido Cuevas, mrushaji wake, ambaye jina lake tumeliweka hapa kati ya wafiwa kwa maelekezo ya marehemu mwenyewe. Nakuona umesimama kule nyuma karibu na geti, Wilfrido, mgongo ukutani. Njoo mbele. Jeneza lina mishikio sita, na tumeacha mmoja wazi, upande wa kushoto, ili bega lako lisiumie.

Mungu amlaze kaka yangu mahali pa amani, akiona inafaa. Na wewe, Wilfrido, leo ukifika nyumbani, weka rungu lako nje, ulale kitandani.