Nilipomaliza Gemu, Ndege Walikuwa Wamemaliza Uwele

Bwana asifiwe, watu wa Mungu! Hapana, hiyo amina ni ya watu walioshiba. Bwana asifiwe! Naam, hiyo imefika. Wazee wangu shikamooni, na wengine wote, mbukwenyi. Mimi ni Amosi, mtoto wa Mama Perisi, yule mwimbaji wa sauti ya pili mnayemfahamu. Nina miaka ishirini na saba, nakaa hapahapa Nzuguni, natengeneza simu kwenye kibanda karibu na kituo cha bajaji. Nimesimama kwa sababu Mungu amenitoa mahali ambapo wengi wenu mtacheka mkipasikia. Chekeni tu. Mimi mwenyewe nilicheka kabla sijalia.

Wengine hushuhudia kutolewa kwenye pombe, wengine kwenye bangi, wengine kwa waganga. Mimi, ndugu zangu, nilifungwa na gemu. Ndiyo, gemu la kwenye simu! Vijana wa nyuma pale wananielewa, naona wameinamisha vichwa.

Niwaeleze wazee. Lilikuwa gemu la kukusanya mazimwi. Unatembea katika nchi ya kwenye kioo, unakutana na mazimwi kwenye nyasi, mtoni, mapangoni. Unayanasa, unayafuga, unayapiganisha na mazimwi ya watu wengine. Kuna wakuu saba wa ngome wa kuwashinda, na mwisho kabisa kuna mfalme. Ukimshinda mfalme, hadithi imekwisha.

Nilimwambia mama yangu: nikimaliza, naacha. Nilisema kwa kinywa hiki hiki. Nikamwambia na Mungu! Nilipiga magoti, na aibu hii naitoa mbele yenu, nikaomba: Bwana, nisaidie nimpige yule mfalme, baada ya hapo mimi ni wako. Jamani! Mtu anamwomba Muumba wa mbingu na nchi amsaidie kumpiga katuni!

Nikampiga. Yakapita majina ya waliotengeneza gemu, muziki ukalia, nikasema moyoni, Amosi, uko huru. Dakika haijapita, akatokea bikizee mmoja kwenye kioo akasema kwamba sasa ndiyo safari inaanza. Kikafunguka kisiwa kipya. Ukafunguka mnara wa ghorofa mia, kila ghorofa bingwa mkali kuliko mfalme. Yakaja mayai ya kuangua. Na kile kitabu cha mazimwi, ambacho siku zote nilidhani ni pambo, kikanionyesha kurasa zake: mazimwi mia nne na kumi na mbili, na mimi ninayo mia moja na arobaini. Ndugu zangu, hakuna aliyenionya kwamba baada ya mwisho kuna kazi kubwa kuliko ile ya mwanzo! Adui ni mjanja. Hakunizuia nisimalize. Aliniachia nimalize, halafu akanionyesha nilichobakiza.

Nikajitosa mzima mzima. Mteja analeta simu yenye kioo kilichopasuka, naiweka pembeni, narudi kuangua mayai. Yai haliangulIwi bure! Lazima umzungushe yule mtu wako kisiwa kizima mara kumi, mara ishirini. Nilikuwa namzungusha huku ugali wangu unapoa na mlenda unaganda. Mama alinigombeza mara ya kwanza. Mara ya pili akanyamaza. Mama yangu akinyamaza, jueni mambo yameharibika.

Miezi minne. Kurasa zikajaa moja moja, mpaka ukabaki ukurasa mmoja tu. Ulikuwa wa ndege mdogo mwekundu, anayetokea asubuhi peke yake, kwenye nyasi ndefu, mara moja katika maelfu. Wenzangu wa mtandaoni walisema wamemtafuta mwaka mzima hawajamwona. Nikasema, mimi nitampata.

Basi msimu wa ndege ukaingia, hawa wa kweli sasa. Shamba letu liko ng'ambo ya nyumba za mwisho, ukielekea vilimani, ekari mbili za uwele. Baba alishatangulia, tumebaki wawili, na uwele ule ndio chakula chetu. Kihenge kikijaa tunakula mwaka mzima, kisipojaa tunaangaliana. Mwaka jana mvua ilikuwa njema na masuke yalijaa mpaka mabua yakainama. Lakini mama anauza karanga Majengo, na goti lake halitaki tena kupanda dungu. Akaniuliza, mwaka huu ataamia nani? Nikamjibu, mama, niachie mimi. Akaniachia. Lishikeni neno hilo, ndugu zangu. Aliniachia shamba lote, akaenda zake sokoni na moyo mweupe.

Watoto mliozaliwa mjini, kuamia ni kukaa juu ya dungu, kile kichanja cha miti katikati ya shamba, tangu kunapambazuka mpaka jua liwe kali, na tena jioni, unafukuza kwelea kwelea. Unapiga kelele, unarusha madongo kwa kombeo, unavuta kamba zenye makopo. Ndege wale wakishuka kwa kundi hawana mchezo. Jasho la mwaka linakwisha asubuhi moja.

Mimi nikaleta akili. Nilichukua kamba ya makopo nikaifunga kwenye dole gumba la mguu! Mikono ina simu, masikio yana hedifoni, mguu unatikisa makopo: kwacha, kwacha, kwacha. Nikajiona mimi ndiye Mgogo wa kwanza mwenye shahada ya kuamia. Siku ya kwanza, ndege hawakulisogelea shamba. Siku ya pili vilevile. Siku ya tatu wakawa wameshanielewa. Ndege si mjinga! Kelele isiyobadilika anaizoea, kama sisi tunavyozoea mashine ya kusaga. Mwamiaji wa kweli ananyamaza, halafu analipuka. Anapiga mluzi, anatupa dongo upande wasioutegemea. Mimi mguu wangu ulikuwa unawapigia ngoma wakila.

Jirani yetu, Mama Neema, alikuwa anaamia shamba lake. Anawafukuza kwake, wanahamia kwangu. Akaniita, sikusikia. Akasimama juu ya dungu lake akapunga kanga kwa mikono yote miwili. Nilimwona! Nikadhani ananisalimia. Nikampungia mkono vizuri kabisa, kwa adabu, nikarudi kwenye kioo changu.

Na asubuhi ile ile ndege mwekundu akatokea. Nikamnasa. Ukurasa wa mwisho ukajaa, kikatokea cheti chenye jina langu. Nikapiga kofi, nikainua macho nimtafute mtu wa kumwonyesha.

Nikaona ndege. Shamba lilikuwa jeusi kwa ndege. Upande wote wa juu masuke yalikuwa yamesimama matupu kama magunzi. Theluthi mbili za uwele wa mama yangu zilikuwa zimekwenda, na walikuwa wanaendelea kula.

Sikilizeni sasa, hapa ndipo penyewe. Kile kioo kiliniuliza swali: uanze upya? Ndiyo au hapana. Na mimi, huku naona kwa macho yangu chakula cha mama kinaliwa, nikaona kidole changu kinakwenda kwenye Ndiyo. Sijakituma! Kinakwenda chenyewe! Hapo niliogopa, ndugu zangu, nikaogopa kuliko siku tulipomzika baba. Nilijua kwamba nimefungwa, na kwamba kwa nguvu zangu sitoki. Nikazing'oa hedifoni, nikapiga ukelele kwa pumzi zangu zote: Yesu! Ee Yesu, nitoe humu!

Ndege wakaruka wote! Giza liliinuka pale shambani. Kama waliogopa lile jina au waliogopa koo langu, wenye elimu ya Biblia watatufundisha. Ninachojua mimi ni kwamba nilishuka dunguni na kamba ikiwa bado mguuni, nikaanguka, nikainuka, nikakimbia pembe zote za shamba nikiliita jina lile mpaka sauti ikakauka. Theluthi iliyobaki ikapona. Na simu nilipoishika tena, nililifuta gemu lote, na kisiwa chake, na cheti chake. Safari hii kidole kilinitii. Aleluya!

Mchana mama akaja na chakula kwenye hotipoti. Nikamweleza kila kitu, sikuficha. Aliweka hotipoti chini. Akaenda kwenye uwele, akashika suke moja, akashika lingine, akashika lingine, mstari mzima, kama mtu anayepapasa paji la mgonjwa. Hakunitukana, hakulia. Akasema tu:

"Kesho nitaamia mwenyewe."

Afadhali angenichapa! Ningeshukuru. Maana alifanya alivyosema. Alipanda dungu na goti lile bovu, kila siku, wiki tatu. Meza yake Majengo ikakaa bila mtu. Nafasi yake kwenye kwaya ikakaa wazi, na nyinyi mkaniuliza mama yuko wapi, nikawajibu kwamba goti linamsumbua. Nilidanganya ndani ya nyumba hii. Leo naufuta uongo ule mbele yenu: mama hakuja kwa sababu hakuwa na mtu wa kumwachia shamba.

Mimi kila alfajiri nilimfuata. Nilikaa chini ya dungu mikono mitupu, nikapiga kelele kwa zamu yangu. Hakunifukuza, hakunisemesha. Tukavuna magunia mawili, basi. Kihenge kilikauka kabla ya Krismasi, na nyinyi wapendwa mkatuletea uwele kwa mabeseni. Mama alinituma mimi nikayapokee, kila beseni, mlangoni. Mwajua Mama Neema alisemaje aliponikabidhi la kwake? "Amosi, safari hii nikikupungia, angalia juu." Nilicheka na machozi yakanitoka papo hapo. Siku ile alinishika mkono akaniombea palepale barazani, na tamaa ya kurudia gemu, iliyokuwa inanitesa kila nikiketi peke yangu, ikalegea. Haikuondoka siku moja. Ililegea, ikaendelea kulegea, mpaka nikaisahau. Mungu ni mwema!

Sasa vijana huja kibandani kwangu. Kaka Amosi, nimemaliza hadithi ya gemu, nifanye nini baada ya hapo? Wananiuliza kwa sababu nilikuwa fundi wa jibu hilo! Zamani ningewaambia panda mnara, angua mayai, jaza kitabu. Leo nawaambia: umemaliza, hongera, zima. Nenda kamuulize mama yako kesho kuna kazi gani. Wananuna, lakini wanarudi. Na sisemi gemu ni shetani, msinisingizie. Wapo wanaocheza nusu saa, wakaweka simu, wakaenda kuosha vyombo. Hao Mungu awabariki. Mimi si wa kundi hilo, na ninajijua.

Ndugu zangu, nimalizie. Mwaka huu nililima mimi, nikapanda mimi, nikapalilia mimi. Masuke yalipoanza kushika punje, sikuthubutu kumuuliza mama ataamia nani. Ningeuliza kwa uso gani? Nikangoja. Jioni moja tumemaliza kula, mama akaingia ndani, akatoka na kombeo lake, lile alilolisuka mwenyewe. Akaliweka mezani mbele yangu.

"Mimi Jumapili nina kwaya," akasema.

Hilo tu! Akaanza kukusanya vyombo. Nilitoka nje, nikaenda nyuma ya nyumba, nikalia kama mtoto aliyeachishwa ziwa. Yule Mungu niliyemwita kwenye shamba lililoliwa hakuurudisha uwele hata punje moja. Alinirudishia kitu ambacho hata mvua kumi njema zisingenirudishia.

Na wewe uliyekaa hapa, una kitu chako ulichoahidi kwamba ukikimaliza utakiacha, nami nakuambia hakina mwisho hicho! Kitakufungulia kisiwa kingine. Usingoje shamba liishe. Mwite Yesu sasa, mwite kwa sauti, mwite hata mbele za watu. Anasikia! Mimi nilimwita na kamba mguuni, akasikia.

Leo nimekuwa shambani tangu hakujapambazuka. Jua likiwa kali ndege hujificha mitini, ndipo nikapata nafasi ya kukimbia hapa. Ibada yetu ni ndefu, Mchungaji nisamehe, leo urefu wake umenifaa. Mama alikuwa ameketi pale na kwaya tangu asubuhi. Simu yake anayo, hakunipigia hata mara moja. Nilipoingia mlangoni na tope hili miguuni, macho yetu yakakutana, nikasema moyoni, sasa ataniuliza habari za shamba. Hakuuliza. Alisogeza mkoba wake, akanipa nafasi ya kukaa.

Asante Yesu! Mniombee, wapendwa, jua limeanza kupoa, narudi kazini. Hapana, mama, usiinuke. Wewe kaa uimbe.