Fundi Samuel Kombe Charo na Kazi ya Gari la Bi Alawiya (1956–2025)

Wasifu wa mtu huanza na kuzaliwa kwake, na huu nao utafika hapo sasa hivi. Ila marehemu aliacha agizo, na agizo la marehemu halipangwi foleni. Alitaka kazi ya gari la Bi Alawiya isomwe leo mbele ya watu kama ilivyofanyika, na aliyeifanya atajwe kwa jina. Akiwa hai aliisema mara nyingi, na kila alipoisema watu walicheka. Alisema mazishini hamtacheka. Tutaona.

Samuel Kombe Charo alizaliwa tarehe 14 Machi 1956 hapa hapa Kaloleni, mtoto wa tatu wa marehemu Charo Mwaringa, mgema, na marehemu Kadzo Charo. Sisi wadogo zake tulimkuta tayari ana tabia ya kufungua vitu. Alifungua taa ya chemli ya baba. Alifungua saa ya mwalimu wa kanisani, aliyekuwa amekuja kula tu. Vyote alivirudisha vikifanya kazi, isipokuwa saa, ambayo ilibakiza parafujo moja mkononi mwake, na mama ikambidi amwombe mwalimu radhi kwa kuku.

Alisoma shule ya msingi papa hapa kuanzia mwaka 1964, akamaliza darasa la saba mwaka 1970. Sekondari aliiacha akiwa kidato cha pili, mwaka 1972, baba alipoanguka mnazini akavunjika nyonga. Mwaka uliofuata akateremka Mombasa kutafuta kazi, na jioni ya siku aliyofika alikuwa ameshajilaza chini ya lori.

Kazi yake ya kwanza ilikuwa Kilindini, kwenye karakana ya malori yaliyobeba mizigo ya bandarini. Mwalimu wake alikuwa Fundi Ogutu, mtu wa maneno machache na yote makali. Ogutu ndiye aliyemfundisha kubadilisha sili za valvu kwa kamba. Kwa ambao hawakuzaliwa gereji: sili ni vikofia vidogo vya mpira vinavyokaa kwenye shina la kila valvu, kuzuia oili isiteremke ndani ya silinda. Vikizeeka vinakuwa vigumu kama kucha, oili inapita, inaungua, na gari linatoa moshi wa buluu. Wengi huinua kichwa kizima cha injini ili kuvibadilisha. Ogutu alichomoa plagi, akaingiza kamba ya pamba ndani ya silinda kupitia tundu lile, kisha akazungusha injini kwa mkono mpaka pistoni ikapanda na kuibana kamba juu. Hapo valvu hukosa pa kuangukia, na fundi hufungua springi bila wasiwasi.

Mwaka 1975 Kombe aliachiwa kazi hiyo peke yake kwa mara ya kwanza. Kamba ya pamba hakuiona, akachukua ya usumba, yaani nyuzi za makumbi ya nazi. Mtoto wa mgema anaamini mnazi hauna baya. Usumba ule ulibanwa, ukalowa oili, ukakatikakatika humo ndani, na ikabidi kichwa cha injini kishushwe na Kombe aokote nyuzi kwa kibano, mmoja mmoja, Ogutu amesimama nyuma yake. "Kombe," alimwambia, "nilikupa injini, wewe umenisukia zulia." Tangu siku ile hakukubali kitu cha usumba kikaribie anapofanyia kazi, hata cha kufutia miguu.

Tarehe 4 Septemba 1982 alifunga ndoa na Mbodze Kazungu katika kanisa la hapa nyumbani. Walipanga vyumba viwili Kuze, Mji wa Kale, na majirani wakamfundisha Mbodze kushona kofia za kiume za mkono, zile zenye vitobo vilivyozungushiwa uzi hadi vikawa maua. Alizishona vizuri kuliko waliomfundisha, nao wenyewe walisema. Kwa miaka mingi alizipeleka kwenye duka la Bwana Awadh, Ndia Kuu. Mungu aliwajalia watoto watatu: Naomi, Elvis na Kate.

Mwaka 1989 marehemu alifungua banda lake kando ya Makadara. Alikuwa na kanuni moja iliyowaudhi wateja wote: gari lazima lilale kwake. Hakusikiliza injini iliyokwisha kupata moto. "Mgonjwa aliyetembea mpaka hospitali amekwisha kukuficha nusu ya ugonjwa," alikuwa akisema. Wateja walilalamika, wakapanda tuktuk kurudi makwao, na kesho yake wakakuta ameshajua tatizo.

Mwaka 2021 mikono ilianza kumtetemeka. Daktari alisema ni ugonjwa wa Parkinson. Marehemu alisema ni uchovu, akaendelea kusema hivyo hata kikombe cha chai kiliposhindwa kufika mdomoni kikiwa kimejaa. Kazi nzito bado aliiweza. Kazi ndogo ndogo zilianza kumkimbia, naye akaanza kuzikataa kwa visingizio ambavyo hata mtoto asingevikubali.

Hali ilikuwa hiyo Februari 2023, Bwana Awadh alipofika bandani na Toyota Corolla ya mwaka 1983, rangi ya maziwa, mamake Bi Alawiya akiwa amekaa mbele. Gari hilo lilinunuliwa na marehemu mumewe, na bibi alikuwa hapandi jingine.

"Sabalkheri, fundi," alisema Awadh. "Gari lanywa oili na kutoa moshi. Kuna gereji kubwa huko ng'ambo wamenambia injini imekufa."

"Imekufa, na imekuja yenyewe?"

"Ndivyo nilivyowajibu. Lakini wasema ringi zimekwisha, nitie injini nyingine au niliuze. Sasa mimi nitamwambiaje huyu?"

"Nayasikia hayo," alisema Bi Alawiya kutoka kitini. "Kombe mwanangu, mimi siyui injini. Mimi nataka gari langu lende."

"Shikamoo, Bi Alawiya."

"Marahaba. Mbona umekonda?"

Kombe aliificha mikono mfukoni. "Lilale kwangu," akasema.

Asubuhi aliliwasha likiwa baridi. Likatoa wingu la buluu, kisha likatulia. Ringi, zile pete za pistoni, zikiisha, moshi haukuachi njia nzima. Awadh alipofika akamwomba aendeshe mpaka daraja la Nyali, yeye akitazama nyuma. Walipoteremka Awadh akiwa ameondoa mguu kwenye mafuta hapakuwa na kitu, ila alipokanyaga tena kule chini, buluu ikarudi. Mwisho akapima nguvu ya silinda kwa geji, na zote nne zikasukuma sawasawa. "Ringi ni nzima," alimwambia Awadh. "Oili inapita juu, kwenye valvu. Rudi kesho kutwa."

Alisema hivyo kwa sauti ya fundi. Awadh alipoondoka, alijua amejifunga. Springi ya kila valvu hushikwa na vikufuli viwili vya chuma, vidogo kama punje ya mahindi, vinavyopachikwa kwa ncha za vidole huku springi imekandamizwa. Kikianguka kimoja ndani ya injini, balaa lake ni kubwa kuliko moshi. Kombe alibana kamba ya pamba ndani ya silinda kama alivyofundishwa na Ogutu, akatoa springi ya kwanza, akavalisha sili mpya, akajaribu kurudisha vikufuli. Cha kwanza kiliruka mchangani. Cha pili kiliruka kikagonga bati. Akaviokota, akajaribu tena, vikaruka tena.

Mbodze alipofika na chakula cha mchana alimkuta amekaa juu ya kreti, mikono ameibana katikati ya magoti.

"Mama Naomi, mimi nimekwisha," alimwambia. "Mwambie Awadh alete kamba alivute gari lake. Kisha tufunge hapa turudi Kaloleni."

 Mbodze aliweka chakula chini, akainama juu ya injini kama anayetazama chungu cha jirani. "Hiki kinaingia wapi?"

"Hapo, kwenye mfuo wa shina. Mikono yangu haikai."

"Na hiki cha mpira juu yake?"

"Sili hiyo. Hiyo nimeiweza."

"Kumbe nanyi mnavalisha kofia." Akanawa mikono. "Basi bonyeza hiyo springi yako. Kubonyeza si unaweza?"

"Mbodze, hii si kazi ya..."

"Ya nani? Mimi nashona vitobo ambavyo wewe bila miwani huvioni. Bonyeza, baba."

Akabonyeza. Uzito wa mwili ulikuwa bado wake, na mikono ikishika chuma kwa nguvu ilitulia kidogo. Mbodze alipaka grisi kwenye ncha ya sindano yake, akanasa kikufuli, akakiteremsha mpaka kikakaa. Cha pili vilevile. Alipofika valvu ya tatu alikiweka kimoja juu chini, Kombe akapiga ukelele uliosikika mpaka ng'ambo ya barabara, na kikatolewa kikarudishwa ipasavyo. Mbodze ametaka kosa hilo liandikwe. Valvu zote nane zilikuwa zimekwisha adhana ya alasiri ilipolia, na chakula kilikuwa kimepoa.

Asubuhi ya siku waliyoagana Awadh alikuja na mamake. Gari lilikuwa limelala. Kombe aliwasha, na wote wanne, Mbodze akiwemo, wakasimama nyuma wakitazama bomba la moshi. Halikutoa kitu. Awadh akaingia ndani akakanyaga mafuta, akaachia, akakanyaga tena. Safi. Bi Alawiya akapanda bila kumuuliza mtu, akafunga mlango.

"Mashallah, fundi! Mkono wako haujazeeka," alisema Awadh.

Hapa wengi wetu tungenyamaza, na hakuna ambaye angetulaumu. Marehemu alisema, "Mkono si wangu. Vikufuli amevitia Mbodze, huyu anayekushonea kofia."

Awadh akacheka mpaka akashika ubavu. Jioni ile alikwenda kulisimulia dukani, Ndia Kuu nzima ikacheka, na kwa muda watu wakipita walimwomba Mbodze awashonee injini. Marehemu alirudia tena na tena kwamba ni kweli. Kadiri alivyorudia, ndivyo walivyomsifu kwa utani. Jambo hilo lilimuuma kuliko ugonjwa. Sisi tulioishi naye tulimwona akiumia.

Banda halikufungwa. Tangu mwezi ule, kila kazi ya valvu iliyopita Makadara ilifanywa na watu wawili, mchana kweupe, mbele ya wapita njia. Mbodze alifika na bakuli, na watu walichoona ni bakuli. Iliendelea hivyo zaidi ya miaka miwili.

Mwezi Oktoba 2025 marehemu alishikwa na homa ya mapafu, akalazwa katika hospitali moja kisiwani. Sauti ilikuwa imekwisha kuwa ndogo. Naomi alipomuuliza kama kuna neno, alisema, "Msinizike na kazi ya mtu." Akarudia kwa Elvis, na kwa Kate, na kwa muuguzi ambaye hakujua linahusu nini. Alifariki alfajiri ya Jumapili, tarehe 9 Novemba 2025, mkewe akiwa amemshika mikono, ambayo ilikuwa imetulia.

Bwana Awadh alifika kutoa rambirambi siku ileile. Alikaa mkekani, akamgeukia Mbodze. "Mama Naomi, Kombe alinambia kwa kinywa chake, mimi nikamcheka. Nambie wewe."

"Yeye alibonyeza springi," alisema Mbodze. "Peke yangu nisingeweza."

Awadh hakucheka. Alisema, "Na yeye peke yake?" Mbodze akainamisha kichwa, na sisi sote tuliokuwa pale tukalia, kwa mara ya kwanza tangu asubuhi.

Sasa mmesikia. Magari yaliyoegeshwa pale chini ya uwanja, yale ya zamani mliyokuja nayo kutoka Mombasa, mengi yamepita kwenye banda lile tangu Februari 2023. Mmepanda Mazeras na kuteremka mabonde yote haya bila moshi. Mliomsifu Kombe kwa hilo mlimsifu kwa haki, kwa nusu ya kazi. Nusu ya pili imekaa hapa mbele, amevaa nyeusi, na tangu tulipoanza kusoma hajainua macho. Marehemu aliomba mumwangalie.

Marehemu Samuel Kombe Charo ameacha mjane, Fundi Mbodze Kombe, watoto watatu, Naomi, Elvis na Kate, wajukuu watano, na ndugu zake wanne tuliobaki. Jina la mjane limeandikwa hivyo kwa amri ya marehemu, na hakuna aliyethubutu kuligusa.

Mungu aliyempa akili ya kufungua na subira ya kurudisha ampokee, na ampe mapumziko aliyoyakataa alipokuwa nasi.