Majina Mapya kwenye Mashine ya Kasimiri

Kijiwe chao kilikuwa Mbagala, nyuma kidogo ya Barabara ya Kilwa, ubavuni mwa kibanda cha kuchaji betri za magari. Kulikuwa na benchi moja la mbao za makasha, matairi mawili ya wachelewaji, na jiko la mkaa la Mzee Mwishehe lenye birika la kahawa. Ulikuwa mwaka ule wa mvua za El Nino, vichochoro vimegeuka mifereji, na mtu alikuwa anafika kijiweni kakunja suruali hadi magotini. Jumatano hiyo, baada ya sala ya alasiri, walikuwa watatu na mwenye kahawa wa nne. Bakari waliyemwita BBC, maana habari ikimfikia yeye imeshafika hadi Gongo la Mboto. Adelard waliyemwita Profesa, aliyefundisha hesabu miaka kumi na moja kabla hajaacha chaki na kwenda kuuza mitumba. Na Kondo, waliyemwita Injinia, ambaye siku hiyo alikaa pembeni kabisa ya benchi, kiganja kimefunika mfuko wa shati kama mtu mwenye kichomi.

Uinjinia wa Kondo ulikuwa na sababu. Yeye ndiye mtu wa kwanza mtaa ule kumiliki kompyuta, mashine kuukuu iliyotupwa na kampuni moja ya meli, akaifufua kwa kunyofoa kifaa huku na kubandika kule. Shemeji yake baharia akamletea gemu la mpira ndani ya disketi nne, na kwa mwaka mzima chumba cha Kondo kilijaa watu wazima wanaogombea kiti. Kisha Kasimiri, karani aliyepunguzwa kazini, naye akarudi nyumbani na kompyuta ya ofisi iliyokuwa inatupwa. Kondo mwenyewe, kwa mkono wake, akamnakilia lile gemu. Gemu ni lilelile. Lakini sasa chumba kilichojaa kilikuwa cha Kasimiri, na cha Kondo kilibaki na buibui.

— Jamani, Kasimiri kabadilisha tena, — alianza BBC, kikombe hakijamgusa mdomo. — Jana nimekaa kwake mpaka magharibi. Wachezaji wote wapya! Yule fowadi aliyehama Italia juzi tu, tumemwona kwenye televisheni akipewa jezi, kwa Kasimiri keshahama!

— Na kwa Injinia? — aliuliza Profesa, akijua jibu.

— Kwa Injinia bado tuko mwaka tisini na tatu. Golikipa wake mmoja siku hizi ni kocha. Mwingine nasikia ni marehemu, lakini kwa Injinia bado anadaka.

Wakacheka. Kondo akacheka pia, kicheko cha meno tu.

— Mtaka cha mvunguni sharti awe na mvungu, — alisema Profesa kwa sauti ya darasani. — Mie nina maelezo ya kisayansi. Ndani ya kompyuta kuna saa. Sasa saa ya Kasimiri inatembea, kwa hiyo wachezaji wake wanazeeka, wanahama, wanastaafu kama binadamu. Saa ya Injinia imesimama. Ndiyo maana wake hawakui.

— Acha hizo, Profesa! Saa inajuaje mtu kahamia Italia?

— Wewe ukiangalia saa hujui kama Italia kumekucha?

BBC aliweka kikombe chini, ishara kwamba sasa habari kamili inakuja.

— Sikilizeni nyie. Kila meli ya Wagiriki ikitia nanga, Kasimiri anaenda bandarini na begi. Wale wana waya unaotoka Ulaya unapita chini ya bahari. Mchezaji akisaini tu kule, waya unatetemeka, disketi inanasa. Kwisha.

— Kasimiri anaogopaga bandari kama paka anavyoogopa maji, — alisema Mzee Mwishehe akipepea mkaa. — Mie nauliza kitu kimoja. Kila Jumapili anaenda wapi?

— Pugu. Kanisani, misheni.

— Pugu kuna kanisa, sawa. Na msitu je? — Mzee alishusha sauti. — Wanangu, siku hizi kuna majini wasomi. Jini la zamani lilikuwa linataka ubani na jogoo mwekundu. La siku hizi linataka gazeti la michezo. Mnasemaje, Kasimiri hanunui magazeti?

— Ananunua! — BBC alishtuka. — Kila siku! Na anayakata kwa mkasi!

— Basi. Nimemaliza.

Kondo alijisikia raha kwa mara ya kwanza siku ile. Jini lilimfaa sana. Mtu mwenye jini hana akili ya kumshinda mwenzake, ana jini tu. Akaongeza kuni.

— Mie sitaki kusema, Mzee wangu, lakini jirani yangu kasikia mtu anasomasoma mle ndani usiku. Sauti ya mwanamke. Majina tu, majina tu, kama anaita roho.

— Unaona! — alidakia Mzee. — Wahenga walisema chanda chema huvikwa pete, kibovu huvikwa jini.

Maneno yangeishia hapo, siku ile ingemwishia Kondo vizuri. Lakini Profesa ni mtu wa haki, na haki yake huja pasipotakiwa.

— Hata kama ni jini, — alisema, — tumsifu mwenzetu. Mtaa mzima huu, mwenye akili ya kuliendesha ni yeye. Injinia alikuwa na mashine mwaka mzima, kafanya nini? Kasimiri ni jiniasi, braza. Kichwa cha Ulaya kile.

— Kichwa cha Ulaya! — BBC aliitikia. — Injinia, usione vibaya, wewe ulikuwa unaiwasha tu.

Kondo alisimama. Akakaa. Akasimama tena.

— Jiniasi nini? Hakuna waya wala jini! Anaandika kwa mkono! Kuna faili moja lina majina yote. Anafuta la zamani, anagonga jipya, herufi moja moja, kutoka gazetini. Na nafasi ni ileile ya jina la zamani. Akizidisha hata herufi moja, gemu zima linagoma. Hiyo ndiyo Ulaya yake! Ukarani tu!

Mzee Mwishehe aliacha kupepea mkaa.

— Na wewe, — aliuliza Profesa taratibu, — umejuaje?

Alijuaje. Jumatatu adhuhuri alipita kwa Kasimiri, mke na mume wameenda msibani, mlango umerudishiwa tu kama milango ya Mbagala ilivyokuwa. Mezani palikuwa na mkasi, magazeti yaliyotobolewa, na disketi moja nyeusi iliyoandikwa kwa kalamu MAJINA. Kondo hakuwahi kuiba hata embe. Lakini mkono wake ulishaifikia kabla yeye hajaamua. Aliifungua kwenye mashine yake akitegemea siri kubwa, akakuta orodha. Mamia ya majina, timu baada ya timu, kazi ya mtu mwenye subira ya mchonga vinyago. Na mwisho kabisa, baada ya timu zote za Ulaya, timu moja ambayo hakuna baharia angeweza kuileta: Mzinga Rangers.

— Nimeona tu, — alisema. — Na nyie mmo. Kaweka Mzinga Rangers.

Hapo hakuna aliyeuliza tena kajuaje. Mzinga Rangers ilikuwa timu yao ya ujana. Ilikufa siku uwanja ulipouzwa, likajengwa godauni.

— Mie nimo? — BBC aliruka. — Namba ngapi?

— Saba. Mbio kakupa tatu.

— Tatu! Kati ya ngapi?

— Kati ya tisa.

— Mie? Niliyekuwa nawaacha mabeki wanatafuta viatu vyao? Tatu! Huyo ana chuki binafsi!

— Wewe ulikuwa unakimbia kuelekea golini kwetu, — alisema Profesa. — Na mie?

— Namba tano. Nguvu nane. Ila jina lako limekatwa, limeandikwa Adela. Nafasi haikutosha.

— Adela! — BBC alianguka kwenye tairi kwa kicheko. — Profesa kawa binti!

— Nguvu nane lakini, — alisema Profesa, na uso wake ulikuwa umeng'aa. — Nguvu nane si mchezo.

Hata Mzee Mwishehe alikuwemo, golikipa wa akiba, pamoja na mvi zake. Aliuliza mara mbili, kisha akawamiminia wote kahawa bila kuombwa. Walianza kugombea mbio za watu, mashuti ya watu, nani alistahili sita na nani alipendelewa. Kila mmoja akawa anamwonea wivu mwenzake kwa namba ambazo dakika kumi nyuma hakujua kama zipo. Kisha Profesa akageuka.

— Na wewe Injinia? Kakupa ngapi?

Kondo aliiangalia kahawa yake. Alikuwa ameipitia orodha ile mara tatu, akiteremka na kidole kwenye kioo cha mashine. Wachezaji kumi na watano wa Rangers. Katikati palikuwa na mstari mmoja mtupu. Yeye hakuwemo.

— Sikuangalia, — alisema.

Ndipo Felicitas, mke wa Kasimiri, akatokea kichochoroni, viatu mkononi na kanga imelowa pindoni. Mwanamke haji kijiweni bila jambo. Wote walikaa sawa.

— Shikamoo Mzee.

— Marahaba, mwanangu. Karibu.

— Hamjambo mashemeji? Sikai. Nimetumwa. Kuna disketi imepotea pale nyumbani, nyeusi, imeandikwa MAJINA. Umeme ulikatika jana usiku, ile mashine imefuta kila kitu. Yamebaki kwenye disketi ile tu. Wiki tatu nimekaa namsomea yeye anaandika, mpaka sauti imenikauka. Nani kati yenu kaiona?

Kwa hiyo sauti ya mwanamke usiku ilikuwa hii. Kondo alihisi macho ya benchi zima yakimgeukia, kisha yakaondoka haraka, moja likaenda kwenye jiko, jingine kwenye dimbwi la matope barabarani. BBC, ambaye hajawahi kubaki na habari kifuani hata nusu saa, alifumbua mdomo. Akaufumba. Akanywa kahawa ambayo haikuwemo kikombeni.

— Hatujaiona, shemeji, — alisema Profesa, akiitazama mikono yake.

— Basi tutaanza upya, — Felicitas alipumua. — Ameshachukua karatasi. Na wewe shemeji Kondo, kaniambia nikuulize kabisa. Wengine wote anawakumbuka, kwako tu ndiyo kaacha mstari mtupu, hakutaka kukosea. Anasema gemu lenyewe limetoka kwako, haiwezekani akuweke kwa kubahatisha. Ulikuwaga unavaa namba ngapi?

Kondo alifungua kinywa. Aliona jezi zile za bluu zikitupwa kwenye nyasi kabla ya mechi, wenzake wakichukua kila mtu yake, naye akisubiri. Alikuwa anaingia dakika za mwisho, mtu akiumia. Leo kumi na mbili, kesho kumi na nne, siku moja alivaa shati la nyumbani limegeuzwa ndani nje. Alivaa iliyobaki.

Mkono wake ulishuka mfukoni mwa shati, ukatoa disketi, ukampa.

Felicitas aliipokea. Akaigeuza, akasoma mwandiko wa mumewe, akaipangusa kwa pindo kavu la kanga, upande huu na upande ule. Alimtazama Kondo machoni. Hakumtukana. Wala hakusema asante.

— Sawa, — alisema. — Lakini nimeagizwa nirudi na jibu. Namba ngapi?

Kondo aliwageukia wenzake, kama mtu anayeomba aazimwe namba moja tu. BBC alimtazama Profesa. Profesa, aliyefundisha hesabu miaka kumi na moja, alimtazama Mzee Mwishehe. Mzee alikuwa ameinamisha birika juu ya kikombe, na halikutoka hata tone.