Kajri Yuko Kituoni

Mgeni rasmi, Mkuu wa Polisi wa Wilaya yetu, Bibi Sunaina Rathi. Wazee, kina mama, na askari mlioandamana naye: karibuni Sohanpura.

Umekuja kutufungulia birika la maji ya farasi, na jua la mwezi huu halina utu, kwa hiyo asante yetu inatoka moyoni. Ukiona birika limejaa na hakuna farasi aliyekunywa, usishangae. Hawa mnaowaona hapa tumewanywesha kisimani. Kwetu birika jipya huonjwa kwanza na jike mkubwa kuliko wote, na jike huyo, Kajri, yuko kwako kituoni.

HISTORIA

Sisi ni wapiga tarumbeta, wapiga ngoma na wafuga farasi wa harusi. Bwana harusi wa mji huu haendi kumchukua mkewe kwa miguu, hata awe fukara. Dada zake humlisha farasi dengu zilizolowekwa, na tangu hapo farasi ni wa bwana harusi mpaka ashuke mlangoni kwa bibi harusi. Mwenye farasi akisema "ni wangu" katikati ya safari, ameitia harusi nuksi.

MAFANIKIO

Tumeozesha mji mzima, na baadhi ya askari wako wamo.

CHANGAMOTO

Majira ya baridi, bwana harusi mmoja alifyatua bunduki hewani akiwa juu ya Kajri. Risasi ikampata mjomba wake begani. Mjomba alipona, bwana harusi yuko rumande, na Kajri akachukuliwa na polisi kuwa kidhibiti cha kesi.

Afisa aliuliza, "Farasi wa nani huyu?"

Mzee Harphool, aliyemlea Kajri tangu akinyonya, alitazama damu ile, akaogopa kuongeza nuksi juu ya nuksi. Akakunja mikono akasema, "Wa bwana harusi, bwana."

Ndivyo ilivyoandikwa. Mzee alipokwenda mahakamani kuomba akabidhiwe Kajri kwa dhamana hadi kesi iishe, hakimu aliuliza polisi, polisi wakajibu farasi ni wa mshtakiwa. Ndugu wa mshtakiwa wameambiwa na wakili wao wafunge midomo, nao wameifunga kwelikweli.

Kajri amefungwa uani, kati ya pikipiki zinazoota kutu, bila kivuli. Akisikia ngoma hucheza, maana hakufundishwa jingine, na kamba imemchuna shingo. Kwa hiyo bendi zetu zikifika kituoni hunyamaza, watu wanapita kimya kama wanakwenda kuchoma maiti. Wiki iliyopita bwana harusi alitupigia kelele kutoka juu ya farasi, "Nyie, mnanioza au mnanizika?"

Mzee Harphool hutuhimiza tunyamaze, kisha yeye huwa wa mwisho kuondoka pale ukutani. Usingizi umemhama. Kajri ana mimba, ambayo wakati ule haikuonekana. Sasa tumbo limeshuka, chuchu zimejaa, na mzee anajua maana yake. Juzi alimshika askari wa zamu mkono.

"Mwanangu, akizaa humu itakuwaje?"

"Babu, kilichomo humu ni kidhibiti. Mtoto naye tutamwandika."

"Mtoto? Amefanya nini mtoto?"

"Mimi sijui, babu. Usinigombeze, nami nina bosi."

Bosi ndiye wewe, Bibi Mkuu. Tuna hofu, na hatuoni haya kuisema.

MAOMBI

Iambie mahakama kwamba Kajri ni wa Harphool, na kwamba uchunguzi haumhitaji tena. Mpigeni picha kila upande. Wadhamini ni sisi sote tuliosimama hapa, na siku akiitwa mahakamani tutampeleka amepigwa brashi. Likishindikana hilo, basi mzee aruhusiwe kulala uani siku hizi chache. Hajawahi kumwacha azae peke yake.

Mungu akupe siha, nyumba yako isikose shangwe, na mkono wako usiwe mzito kwa wanyonge.

Mzee Harphool ndiye yule nyuma, mwenye dengu zilizolowekwa kwenye kitambaa. Tumemwambia aziweke chini, amekataa. Ukikubali, jioni hii tutapita mbele ya kituo tukipiga, na Kajri akicheza, acheze akija nyumbani. Ukikataa tutapita kimya. Tumeshazoea.

Ni sisi,
Umoja wa Wapiga Tarumbeta na Wafuga Farasi wa Harusi, Sohanpura