Kidole cha Bwana Jela

Fundi viatu alikaa kiti cha nyuma ya mama na mzee waliokuwa wakizungumza, akatega sikio bila haya, maana basi lilikwenda mwendo wa kinyonga na hakuwa na gazeti.

"Mama, usimlaumu mkuu wa gereza," alisema mzee wa dirishani, askari jela mstaafu, ambaye kila mlango ulipofunguka alihesabu abiria kwa kidole. "Gereza likifurika, makao makuu wanaandika barua: toeni arobaini, wapelekwe gereza jingine. Kinachotazamwa ni idadi."

"Mwanangu si idadi, baba. Jana nimefika na sweta lake, naambiwa alihamishwa wiki tatu zilizopita. Hakuna aliyenipa hata fununu."

"Kuwaarifu ndugu ni kazi ya idara nyingine."

Fundi akaguna. Idara nyingine! Hata yeye, kiatu cha mteja kikihamia kibanda cha jirani, humpigia mwenyewe simu.

"Miaka thelathini," mzee aliendelea, "nimehesabu asubuhi na jioni. Idadi isipotimia, hakuna anayekula, awe askari au mfungwa. Sikukosea hata siku moja."

Mama alilikunja lile sweta magotini. "Na majina yao, baba, uliyajua mangapi?"

Basi likasimama mbele ya lango la gereza alikohamishiwa mwanawe. Abiria wakashuka mmoja mmoja, mama akiwa wa mwisho, na fundi akaona kile kidole cha mzee kimetulia kwenye ukingo wa dirisha. Hakikuhesabu mtu.